LUMBESA INAJUA MATABAKA

Kijana unayesukuma mkokoteni pale Kariakoo, umeiona nundu iliyoshonwa juu ya hilo gunia la viazi? Hiyo ndiyo lumbesa. Gunia limetoka Malindi, Lushoto, likateremka Usambara hadi Mombo. Mkulima kalipwa gunia moja, nundu kaliwa. Lumbesa ni marufuku kisheria, ila sheria yenyewe haijui njia ya kupanda mlima.

Mwaka 1962 Mwalimu aliandika kwamba jamii ya jadi ya Kiafrika haikuwa na matabaka. Haya. Mwaka 1976 Issa Shivji akatoa kitabu kuonyesha kuwa matabaka yapo, na moja limekalia viti vya serikali. Azimio la Arusha, 1967, liliwakataza viongozi mishahara miwili na nyumba za kupangisha. Zanzibar, 1991, vigogo wakajifungulia mlango.

Watakwambia Msambaa ana shamba lake, si kabwela. Karl Marx hakufika Usambara, lakini swali lake limefika: nyenzo anazo nani? Jembe analo. Lori hana, bei hapangi. Na wewe mwenye mkokoteni wa kukodi? Unalipwa kwa gunia, si kwa uzito. Ile nundu unaibeba bure.