Acheni Mhusika Aseme "Huyo Si Mimi"

Jamani, leo sinyamazi.

Juzi mwenzetu alitusomea hadithi yake. Ni nchi ya kubuni, haimo kwenye ramani yoyote. Ndani yake kuna msichana anayegundua kwamba kuna mtu anamuandika, na kwamba maisha yake yako kwenye faili. Anaanza kuitafuta hiyo faili ajisome. Hata wale wa simu waliweka simu chini. Alipomaliza, mgeni aliyekuja kutufundisha uandishi akamwambia: "Kipaji unacho, lakini hadithi inayojizungumzia yenyewe ni mchezo wa watu walioshiba. Wewe andika yaliyokupata."

Dada akafunga daftari. Mpaka leo hajaandika tena. Mimi nabisha, na ushahidi ninao.

Chukueni Don Quixote, kitabu cha Mhispania Miguel de Cervantes. Sehemu ya kwanza ilitoka 1605: mzee amesoma vitabu vya mashujaa wapanda farasi mpaka akajiona shujaa, akatoka na jirani yake Sancho kuzunguka katika dunia aliyoijenga kichwani. Halafu ikaja sehemu ya pili, 1615. Humo watu anaokutana nao wameshaisoma ile ya kwanza! Wanamjua kabla hajafungua mdomo.

Eti mchezo wa walioshiba? Cervantes alikuwa mateka Algiers miaka mitano, 1575 hadi 1580, akingoja kukombolewa kwa pesa. Na ndani ya kitabu anadai hadithi aliipata kwa Kiarabu, akamtafuta mtu pale Toledo wa kumtafsiria. Malipo yake? Zabibu kavu na ngano. Mkalimani analipwa chakula! Nani hapa kambini haelewi hiyo?

Kuna bwana mkubwa mmoja na mkewe. Wamekisoma kitabu, wanamkaribisha Don Quixote kwenye kasri lao. Wanamlisha vizuri, lakini wanampangia vituko ili awe yuleyule waliyemsoma, wapate kucheka. Yaani kula, ila baki ulivyoandikwa. Sisemi wageni wetu wote wako hivyo. Ila wengi wamesoma ripoti kabla ya kufika, na tukipigwa picha tunacheka tunaambiwa, hebu turudie, msicheke.

Sasa sikieni hii. Mwaka 1614, Cervantes kabla hajatoa sehemu ya pili, mtu aliyejificha nyuma ya jina Avellaneda akatoa mwendelezo wa uongo. Cervantes alifanya nini? Alimwacha Don Quixote mwenyewe azisikie habari hizo, akiwa kwenye nyumba ya wageni njiani. Kitabu cha uongo kilimpeleka Zaragoza, na kweli ndiko alikokuwa anaelekea. Akageuza njia, akaenda Barcelona, ili muongo aumbuke. Baadaye anakutana na mtu aliyetoka ndani ya kile kitabu cha uongo. Anamuomba atamke mbele ya mkuu wa mji, karani akiandika, kwamba yule wa kule siye huyu.

Ndugu zangu, sisi ni watu wa faili. Kesi zetu zimeandikwa na wengine, kupitia mkalimani, kwa haraka. Ukisema jina la kijiji limekosewa, unaulizwa: kwa hiyo mara ya kwanza ulidanganya? Ndiyo maana "andika yaliyokupata" haitoshi. Ukiandika hivyo tu, unafuata mpangilio wa maswali yao: ulitoka wapi, nani alikufa, ulivuka lini. Hadithi inayojijua inamuingiza na anayeuliza ndani. Meza yake inaonekana, kalamu yake inaonekana, na yale aliyoyaruka yanaonekana.

Wapo wenzetu wanaoogopa: tukianza kubuni, watasema hata vifo vyetu tumetunga. Hofu hiyo naiheshimu. Ofisini sema kweli tupu, neno kwa neno. Lakini hadithi si fomu. Yule msichana hakumdanganya mtu, alisema wazi kwamba kuna anayemuandika. Ni faili gani imewahi kukiri hivyo?

Nyie wa mashirika, ombi letu ni dogo. Kabla hadithi ya mtu haijaenda kwa wafadhili, mrudishieni aisome, kwa lugha yake. Akisema "huyo si mimi", pokeeni, andikeni upya, na msimuite muongo.

Na wewe dada, fungua daftari. Msichana wako bado hajaipata ile faili, na sisi tunasubiri.