Tarjuma Pekee Haitoshi



Siku hizi tunawasikia wenzetu wakikata hukumu kwa aya moja waliyotumiwa kwenye simu, tena tarjuma tupu. Ndugu zetu, taratibu.

Mtazameni Swahaba Adiy bin Hatim (R.A.). Alikuwa Mwarabu, lugha ni yake ya kuzaliwa. Ilipomfikia aya ya 187 ya Suratul Baqara, inayotaja uzi mweupe na uzi mweusi katika hukumu ya kufunga, alichukua kamba mbili, nyeusi na nyeupe, akaziweka chini ya mto wake. Usiku akawa anazitazama, hazipambanuki. Asubuhi akaenda kwa Mtume (S.A.W.), akaelezwa kuwa makusudio ni weusi wa usiku na weupe wa mchana. Ikiwa yeye alihitaji kuelezwa, sisi Waswahili je?

Ndiyo maana maulamaa wakaiwekea tafsiri misingi: aya hufasiriwa kwanza kwa aya, kisha kwa Sunna, kisha kwa kauli za Maswahaba, na sababu ya kushuka kwake hutazamwa. Anayesoma aya ya 43 ya Suratun Nisaa peke yake atadhani ulevi umekatazwa wakati wa Swala tu. Hajafika aya ya 90 ya Suratul Maida huyo!

Na walimu wetu nao tunawaomba, kwa adabu: mwanafunzi akiuliza, asinyamazishwe kwa kuambiwa ana imani haba. Adiy alitaniwa kidogo kuhusu upana wa mto wake, kisha akafundishwa.