Saa saba ya Batha sio saa saba ya Tanga

Samahani kwa kupotea, zamu za usiku zimenibana kweli kweli. Leo nina jambo moja tu, linahusu saa, na naomba mnisome mpaka mwisho.

Riyadh na Tanga zinatumia saa moja. Ukiwa hapa Batha na mama yako yuko nyumbani, mishale ya saa zenu inaonyesha pale pale. Ndugu zetu wa London na Chicago wanahesabu vidole kabla ya kupiga simu, sisi hatuna shida hiyo. Ndiyo maana tukifika huku hatudhani kama kuna la kujifunza kuhusu saa. Hapo ndipo tunapokwama.

Ramadhani moja nilikutana Batha na dada mmoja wa kwetu, anafanya kazi za ndani. Ana ugonjwa wa sukari. Kwa sababu ya mfungo, daktari alimhamishia kidonge chake kwenye muda wa futari. Dirishani pa dawa akaelekezwa kwa Kiarabu: "as-saa saba". Masikio yake yakasikia Kiswahili kitupu. Saa saba!

Wala haikumshangaza, maana Ramadhani ya huku usiku ndio mchana. Watu wanalala kutwa, Batha inachangamka baada ya tarawehe, na yeye anamaliza kuosha vyombo saa sita za usiku zimeshapita. Basi saa saba usiku akameza kidonge, akajitupa kitandani bila hata daku. Alfajiri mwenzake akamkuta amelowa jasho, anatetemeka, maneno hayaeleweki. Sukari ilikuwa imeshuka. Bahati nzuri alikuwa bado anaweza kumeza, akanyweshwa juisi, akarudi.

"Dada nesi," aliniuliza, "si walisema saa saba?"

Walisema, ndiyo. Sita, saba na tisa tulizichukua kwenye Kiarabu. Lakini saba yao inahesabiwa kuanzia usiku wa manane au adhuhuri, kwa hiyo saba yao ya jioni ni saa moja yetu ya usiku. Neno lile lile, tofauti saa sita nzima.

Kinachonichekesha ni kwamba zamani nao walihesabu kama sisi. Mpaka ndani ya karne ya 20, katika nchi hii jua likizama ilikuwa saa kumi na mbili, na baada ya hapo inakuja saa moja. Wao wakaiacha, sisi tukabaki nayo. Kwa hiyo anayeniambia saa ya Kiswahili ni ushamba, na tukishavuka bahari tuitupe, simuelewi. Haina kosa lolote. Kosa ni kutaja namba bila kusema ni saa ya nani.

Najua kuna atakayesema mtu mzima anajua kubadilisha mwenyewe. Ndiyo, akiwa amelala vizuri na ameshiba. Lakini amechoka, ana njaa, ni usiku, na neno lenyewe linafanana na la mama yake... hapo nani anakumbuka kutoa sita?

Na sio saa peke yake. Huku hata kalenda zinahama. Mwaka 2013 mapumziko ya wiki yalitoka Alhamisi na Ijumaa yakawa Ijumaa na Jumamosi. Mwaka 2016 mishahara ya watumishi wa serikali ilihamishwa kutoka mwaka wa Hijria kwenda wa miladi, ambao ni mrefu zaidi kwa siku kama 11. Kwa hiyo mkataba ukikuambia miaka miwili, uliza ni miaka ipi. Ya Hijria itaisha kama siku 22 kabla ya hiyo unayohesabu wewe, na siku 22 za karatasi zilizokwisha muda sio mchezo.

Lawama ya kwanza naipeleka kwetu wauguzi na wenzetu wa dawa. Mgonjwa usimpe namba peke yake. Mwambie "ukishafuturu, pamoja na chakula", halafu mwambie akurudishie kwa maneno yake mwenyewe. Hiyo ni dakika moja tu. Jua kuzama halina tafsiri mbili, liwe la Tanga au la Riyadh.

Na wewe mgonjwa usione haya. Uliza: kabla ya kula au baada ya kula? Jua limezama au bado? Ukiambiwa namba, onyesha kwa kidole kwenye saa ya simu yako. Wakikuona mshamba poa tu, ili mradi uamke salama.

Yule dada sasa ameandika kwenye pakiti yake kwa kalamu nyekundu: MAGHARIBI. Mimi naona inatosha.

Mnasemaje wadau? Tupo pamoja.