Daftari la Wiki: Kidole Kilichokataliwa

Kwa wakala wa laini za simu hapa Mpanda, mchimbaji mdogo wa dhahabu anabonyeza dole gumba kwenye mashine. Inakataa. "Baba, jaribu cha shahada," anasema binti, akikifuta kidole kwa kitambaa. Nacho kinakataliwa. Sururu na mawe vimesugua mistari ya ngozi mpaka mashine haioni kitu.

Tangu Mei 2019 laini zinasajiliwa kwa alama za vidole na namba ya kitambulisho cha taifa (NIDA). Januari 20, 2020 zisizosajiliwa zikaanza kuzimwa. Matapeli wa simu wameliza wengi, kwa hiyo usajili nauunga mkono. Ila haifai mtu akose kutambulika kwa sababu mikono yake imefanya kazi.

*

Wangechi Mutu, aliyezaliwa Nairobi mwaka 1972, amelifuatilia jambo hili la mwili unaokaguliwa kuliko msanii yeyote ninayemjua. Hukata picha za magazeti ya mitindo na ya pikipiki, akaunganisha wanawake ambao huku ni ngozi, huku ni mnyama, huku ni chuma. Katika mfululizo mmoja alibandika vipande hivyo juu ya michoro ya zamani ya kitabibu inayoonyesha uvimbe wa kizazi, mpaka ukurasa uliochorwa kwa ajili ya ugonjwa ukapata uso, macho na hasira.

Mwaka 2019 sanamu zake nne za shaba ziliketi mbele ya jumba la makumbusho la Metropolitan, New York, kwenye vishubaka vilivyokuwa vitupu tangu 1902. Zina visahani vinavyong'aa kama kioo, kimoja mdomoni, kingine machoni. Anayekuja kuzikagua hurudishiwa mwanga usoni. Mashine ya wakala haina adabu hiyo.

*

Kwenye steshenari pia mwili hukaguliwa: picha za pasipoti "husafishwa" kwa kompyuta, ngozi ikatoka nyeupe kuliko ya mwenyewe. Nimemwomba kijana aniachie rangi yangu.

*

Kutambuliwa si kwa vidole na picha tu. Katika makazi ya Katumba, karibu na hapa Mpanda, walifika wakimbizi wa Burundi wa mwaka 1972. Mwaka 2014 zaidi ya watu 160,000 wa makazi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu walianza kukabidhiwa vyeti vya uraia wa Tanzania. Wengi wao walizaliwa humu humu nchini, na mahindi waliyolima yamelisha mikoa mingine. Natamani kuona kazi za Mutu zimetundikwa ukumbini mwa shule pale Katumba, na wazee waulizwe kwanza wanaona nini.