Methali Si ya Kukaririwa Pekee

Hivi karibuni nilialikwa na jirani yangu wa hapa Kitengela kuhudhuria kikao cha jamaa zake. Walikuwepo dalali wa mashamba, mnunuzi, vijana watatu wa boma lile na mama yao mzee. Shauri lililowakutanisha lilikuwa la ekari tano za ardhi. Dalali, ambaye alikuwa na ulimi mwepesi, alipoona mama amenyamaza alimwambia: "Yeyo, ngoja ngoja huumiza matumbo. Mnunuzi huyu akiondoka leo, kesho utasikia amenunua Isinya." Vijana wakaafiki. Mama yule, ambaye Kiswahili si lugha yake ya kwanza, akajibu kwa utulivu: "Mwanangu, haraka haraka haina baraka." Akajitanda shuka lake, akatoka kwenda kuwatazama ndama. Kikao kikaahirishwa.

Nimelitafakari tukio hilo mara nyingi, kwa kuwa ni kazi yangu kuchunguza jinsi lugha inavyotumika. Maneno manne yalijibiwa kwa maneno manne, na shauri zito likasimama. Lau mama angesema, "Wewe dalali ni mlaghai, nanyi wanangu mmeingiwa na tamaa," pangezuka ugomvi. Hakusema hivyo. Katika jibu lake kinacholaumiwa ni haraka. Hakuna mtu aliyetajwa.

Hapo ndipo ilipo siri ya kwanza ya methali, nayo imo katika sarufi yenyewe. Tuitazame methali nyingine: "Asiyesikia la mkuu huvunjika guu." Ni nani huyo asiyesikia? Hakutajwa. Atavunjika lini? Haikusemwa. Kiambishi hu-, ambacho kila mwanafunzi amefundishwa kuwa ni cha mazoea, hakionyeshi nafsi wala hakifungwi na wakati mmoja. Kwa hiyo msemaji huweza kumwonya mwenziwe bila ya kumnyooshea kidole, na mwenye kuonywa huweza kujirekebisha bila ya kuaibika. Katika jamii ambamo mtu hukutana na jirani yake kisimani, sokoni na msibani, adabu ya namna hiyo si jambo dogo.

Siri ya pili ni umbo. Methali nyingi zina pande mbili zinazoitikiana, na aghalabu sauti za upande mmoja hurudi katika upande wa pili: haraka na baraka, haba na kibaba, mkuu na guu. Sikio hulishika umbo hilo kabla akili haijamaliza kulipima. Ndiyo maana kibaba, kipimo ambacho watoto wetu hawajapata kukiona dukani, kingali hai vinywani mwao. Ndiyo maana pia methali ambazo Padre W. E. Taylor alizikusanya pwani na kuzichapisha London mwaka 1891 hazikuzikwa katika kitabu chake. Nyingi tungali tunazisema, tunazisoma kwenye leso, na tunaziona zimeandikwa kwenye matatu katika barabara ya kwenda Namanga.

Wapo wanaodai kwamba methali ni maneno matupu, kwa kuwa hupingana. Watauliza: ni ipi ya kweli kati ya ile ya dalali na ile ya mama? Nionavyo mimi, swali hilo limekosewa. Methali si sheria ya kutumika kila siku na kila mahali. Ni kama chombo kilichomo katika kapu la fundi. Nyundo haipingani na msumeno. Kinachotakiwa ni fundi ajue saa ya kila kimoja.

Kitengela yenyewe ni ushahidi. Ranchi ya jamii iligawanywa mwaka 1988, na kila mwanachama akapata kipande chake. Wapo waliouza upesi, fedha zikaisha, wakabaki wakiuangalia ua wa mwingine. Wapo pia waliouza sehemu kwa wakati ufaao, wakasomesha watoto na kununua ng'ombe bora. Katika boma la jirani yangu kikao kilirejea baada ya majuma matatu. Ziliuzwa ekari mbili kwa ajili ya karo na deni la hospitali, na tatu zikabaki. Methali zote mbili zilisikilizwa, na kila moja ikapata haki yake.

Sasa niwageukie walimu wenzangu. Je, sisi tunazifundishaje methali? Kwa miaka mingi tuliwapa wanafunzi orodha. Tuliwaambia, "Kamilisha methali hii," au "Chagua jibu sahihi." Mtihani wa KCPE ulifanywa kwa mara ya mwisho mwaka 2023, lakini mazoea yake hayakuondoka nao. Mwanafunzi wa Kajiado huweza kuandika bila ya kosa kwamba "mgaagaa na upwa hali wali mkavu", ilhali hajui kama upwa ni ufuo wa bahari au ni jina la mtu. Akifika katika KCSE na kuulizwa insha ya methali, hutunga kisa cha mtoto mkaidi aliyepatwa na ajali, kisa kilekile ambacho shule nzima imekariri.

Mwanafunzi huyohuyo anajua vyema maana ya "wapiganapo fahali wawili, ziumiazo ni nyasi", kwa kuwa fahali na nyasi amekua akiviona. Tuanzie hapo. Tumpe mgogoro badala ya orodha: shamba linauzwa, mto umekauka, binti anataka kuendelea na masomo. Tumwambie achague methali moja ya kuunga mkono na nyingine ya kupinga, kisha aeleze ni ipi inayofaa na kwa nini. Tumtume pia nyumbani akawaulize wazee misemo ya Kimaasai, Kikamba, Kikuyu au lugha nyingine yoyote ya kwao. Atagundua kwamba usemi wa milima kutokutana na watu kukutana haujui mpaka wa kabila.

Nina onyo moja kwetu sisi wakubwa. Methali huweza kugeuzwa kofuli la kuufungia mdomo wa kijana. Mwalimu anayejibu kila swali gumu kwa "asiyesikia la mkuu" hafundishi hekima, anakimbia hoja. Tukimpa mwanafunzi methali, tumpe pamoja nayo ruhusa ya kutujibu kwa adabu kwamba akili ni nywele, kila mtu ana zake. Wahenga hawakutuachia fungu moja tu la maneno. Walituachia na majibu yake.

Mama yule wa Kitengela hakupata kukaa darasani kusomea Kiswahili. Alijifunza methali yake sokoni na katika vikao vya watu, akaiweka, na siku ilipohitajika akaitoa. Mwanafunzi wetu amekaa darasani miaka mingi na ana mamia ya methali daftarini. Tujiulize ni ngapi kati ya hizo ataweza kuzitumia siku atakapoketi mbele ya dalali.