Jina Fragalà Halipimi Damu

Wapo wanaoamini kwamba ukishajua asili ya jina la ukoo, umeshamjua na mwenye jina. Mimi napinga, na ushahidi wangu ni jina moja la Sisilia: Fragalà.

Maana yake haina utata. Wataalamu wa majina hulirudisha kwenye Kiarabu, faraj Allah, yaani faraja ya Mungu. Sisi wanafunzi wa Kiswahili tunalitambua neno hilo bila kufungua kamusi. Majeshi ya Waislamu kutoka Afrika Kaskazini yalitua Mazara mwaka 827, na Wanormani wakamaliza kukiteka kisiwa mwaka 1091. Kati ya miaka hiyo Kiarabu kiliota mizizi.

Hapo ndipo wenye haraka husema: basi kila Fragalà ni mjukuu wa Mwarabu. Hoja hiyo haisimami. Katika milima ya Nebrodi ipo abasia ya San Filippo di Fragalà, iliyokuwa ya watawa Wakristo wa mapokeo ya Kigiriki. Mwaka 1109 Adelasia, aliyetawala kwa niaba ya mwanawe Ruggero wa Pili, aliwaandikia maofisa wake barua akiwaamuru wailinde. Barua hiyo, mojawapo ya hati kongwe zaidi za karatasi barani Ulaya, iko kwa Kigiriki na Kiarabu. Wanormani walikuwa wameshashinda, lakini Kiarabu kiliendelea kufanya kazi. Wakristo wa kisiwa walikizungumza, na Wayahudi pia. Kwa hiyo Fragalà wa kwanza wa ukoo fulani huenda alikuwa Mwarabu, au alitoka mahali penye jina hilo, au alizaliwa na Mkristo aliyemshukuru Mungu kwa lugha ya jirani. Jina lenyewe halituambii. Anayetaka nasaba na afungue vitabu vya ubatizo na ndoa vya parokia, apande kizazi kimoja kimoja.

Jambo hili linatuhusu. Tunaojifunza Kiswahili katika nchi jirani huambiwa kwamba lugha yenye maneno kama faraja na kitabu ni ya Waarabu. Wasemao hivyo na watueleze: mbona wingi wa kitabu ni vitabu, wala si kutub? Neno lililopokewa hutii sarufi ya nyumba lililoingia. Faraja ni Kiswahili, kama Fragalà lilivyo jina la Kisisilia. Asili ya neno tuifundishe, lakini tusiigeuze cheti cha kuzaliwa cha watu.