Bunge lina kauli gani vita visipotangazwa?

Aghalabu swali la nani mwenye mamlaka ya kuipeleka nchi vitani huachiwa mawakili na wanajeshi. Sisi walimu wa lugha hatualikwi katika mjadala huo, na yamkini baadhi yetu hushukuru kutoalikwa. Hata hivyo, kila niyasomapo maandishi ambayo mataifa yamejiwekea kuhusu jambo hili, huona kwamba mvutano baina ya serikali na bunge ni mvutano juu ya vitenzi na nomino. Yule anayepata nafasi ya kulipa tukio jina ndiye anayeshinda. Kwa sababu hiyo naomba wasomaji, hasa walimu wenzangu na wanafunzi wao, waniruhusu niseme langu.

Nianze na Marekani, kwa kuwa huko maneno yenyewe yalichaguliwa kwa makusudi na mabishano yake yakawekwa katika maandishi. Mwaka 1787 wajumbe walikutana Philadelphia kutunga katiba. Rasimu iliyoletwa mbele yao ililipa bunge mamlaka ya "kufanya" vita. Tarehe 17 Agosti, James Madison na Elbridge Gerry walipendekeza kitenzi hicho kiondolewe na mahali pake paandikwe "kutangaza". Walitaka rais aachiwe uwezo wa kuyazuia mashambulizi ya ghafla, maana adui aliyekwisha kuvuka mpaka hangoji wabunge wakusanyike. Mjumbe mwingine, Pierce Butler, alitaka mamlaka yote ya vita awekewe rais. Gerry alistaajabu kusikia hoja ya namna hiyo katika jamhuri. Pendekezo la kubadilisha kitenzi likapita, nacho kimo katika katiba hiyo hadi leo.

Kitenzi chetu "tangaza" ni kauli ya kusababisha inayotokana na "tangaa". Anayetangaza hulifanya jambo litangae, lienee, lijulikane na kila mtu. Basi bunge lililopewa kazi ya kutangaza vita limepewa kazi ya kuvileta hadharani ili taifa lijue linaingia wapi na kwa sababu gani. Funguo za ghala la silaha, lakini, zimebaki mikononi mwa mwingine. Mwenye funguo hizo akitaka kupigana bila kupitia bungeni, njia yake ni nyepesi mno: hana haja ya kuivunja katiba, bali ataepuka tu kuliita jambo lake vita.

Ndivyo ilivyokuwa. Katika historia yake yote Bunge la Marekani limetangaza vita mara 11 tu, na mara ya mwisho ilikuwa Juni 1942, dhidi ya Bulgaria, Hungaria na Romania. Mwaka 1950 Rais Harry Truman alipeleka majeshi Korea bila kura ya bunge. Mwandishi wa habari alipomuuliza kama ingekuwa sahihi kuiita hatua hiyo kazi ya polisi chini ya Umoja wa Mataifa, rais alikubali kwamba ndivyo hasa ilivyokuwa. Askari zaidi ya 36,000 wa Marekani walikufa katika kazi hiyo ya polisi, minghairi ya Wakorea na Wachina ambao idadi yao ni kubwa zaidi kwa mbali.

Kisha ikaja Vietnam. Agosti 1964 Rais Lyndon Johnson aliliambia bunge kwamba manowari za nchi yake zilikuwa zimeshambuliwa mara mbili katika Ghuba ya Tonkin. Baraza la Wawakilishi likampa idhini kwa kura 416 bila hata moja ya kupinga, na Seneti kwa kura 88 dhidi ya 2. Baadaye ilibainika kwamba shambulio la pili halikutokea. Idhini ile haikuweka kikomo cha muda, wala haikusema ni askari wangapi wangepelekwa. Wamarekani zaidi ya 58,000 walikufa.

Bunge lilitaka kujirudishia heshima yake. Mwaka 1973 lilipitisha sheria ya mamlaka ya vita, na Rais Richard Nixon alipokataa kuitia sahihi, likaipitisha tena kwa thuluthi mbili. Sheria hiyo ilijaa hesabu. Rais akipeleka majeshi kwenye mapigano, aliarifu bunge katika muda wa saa 48. Siku 60 zikipita bila idhini ya bunge, aanze kuwaondoa askari, na kwa hilo aongezewe siku 30, basi. Ungedhani kwamba saa na siku zinazohesabika haziwezi kuchezewa kama maneno. Mwaka 2011 Rais Barack Obama aliamuru mashambulizi ya angani nchini Libya. Siku 60 ziliisha Mei, na Juni mawakili wa serikali wakaeleza kwamba yaliyokuwa yakitendeka Libya hayakuwa "mapigano" kwa maana ya sheria ile, kwa kuwa hapakuwa na askari wa ardhini na hatari ya Wamarekani kuuawa ilikuwa ndogo. Sheria ilikuwa imehesabu siku ikasahau kulifafanua neno. Mabomu, kwa upande wake, yalikuwa yakiendelea kuanguka.

Kuna idhini nyingine ambayo inatugusa sisi majirani wa Somalia. Septemba 2001, siku chache baada ya mashambulizi ya New York na Washington, bunge lilimruhusu rais kutumia nguvu dhidi ya waliopanga au kusaidia mashambulizi yale. Katika Baraza la Wawakilishi ni mbunge mmoja tu, Barbara Lee wa California, aliyepinga. Alihofia kwamba wenzake walikuwa wakitoa hundi ambayo kiasi chake hakijaandikwa. Mwaka 2016 serikali ilisema idhini hiyo inalihusu pia kundi la Al-Shabaab, ambalo mwaka 2001 halikuwapo. Sentensi moja iliyotungwa kwa hasira na majonzi ya wiki moja ilinyooshwa miaka 15 hadi ikafika mlangoni petu.

Twende sasa kwetu. Katiba yetu ya mwaka 2010 inasema katika Kifungu cha 132 kwamba Rais anaweza kutangaza vita kwa idhini ya Bunge, na Kifungu cha 95 kinalipa Bunge la Kitaifa kazi ya kuidhinisha matangazo hayo. Kitenzi ni kile kile cha Philadelphia, miaka 223 baadaye! Lakini watungaji wetu waliongeza mlango wa pili. Kifungu cha 240 kinasema kwamba Baraza la Usalama wa Kitaifa linaweza, kwa idhini ya Bunge, kupeleka vikosi nje ya nchi kwa shughuli za kulinda amani au shughuli nyingine za usaidizi. Naupenda mlango huu kuliko ule wa kwanza, kwa sababu kitenzi chake ni "kupeleka". Kutangaza ni tendo la ulimi na mtu anaweza kulikwepa kwa kunyamaza. Kupeleka ni tendo la miguu na magari, na macho ya watu huliona.

Mlango huo ulijaribiwa mapema. Septemba na Oktoba 2011 watalii walitekwa nyara katika visiwa vya Lamu, na tarehe 13 Oktoba wafanyakazi wawili wa misaada wakatekwa Dadaab. Siku tatu baadaye majeshi yetu yalivuka mpaka na kuingia Somalia. Serikali ilieleza kwamba ilikuwa inajilinda, haki ambayo Mkataba wa Umoja wa Mataifa unaitambua. Bunge liliombwa kuidhinisha askari hao kujiunga na kikosi cha Umoja wa Afrika, AMISOM, mwezi Desemba. Wakati huo wanajeshi walikuwa Somalia kwa zaidi ya mwezi mmoja, na mbunge ambaye angepiga kura ya kukataa angeonekana anawasaliti vijana walioko medani. Idhini inayoombwa katika hali hiyo ni idhini kwa jina tu.

Operesheni yenyewe iliitwa Linda Nchi. Wanafunzi wa sarufi wataona kwamba jina hilo ni kitenzi katika hali ya kuamrisha kikifuatwa na yambwa yake. Amri haina nafasi ya swali. Ukiuliza "je, tulinde hivi au vile, kwa muda gani, kwa gharama gani?", utaulizwa kama wewe hutaki nchi ilindwe. Aliyelitunga jina hilo aliijua lugha yake barabara, namvulia kofia, ingawa naona jina hilo lilifunga mdomo mjadala ambao ulistahili kufanywa mahali pake.

Vita visivyotangazwa vina gharama nyingine. Januari 2016 kambi ya askari wetu huko El Adde ilishambuliwa. Kwa muda mrefu familia na taifa zima walisubiri kuambiwa rasmi ni wangapi waliokufa, na serikali haikuitoa idadi hiyo. Nadhani mambo haya mawili ni ndugu. Serikali ambayo haikulazimika kusimama bungeni kueleza ni wangapi inaowapeleka haitaona lazima ya kusimama kueleza ni wangapi ambao hawatarudi.

Wapo watakaosema kwamba bunge ni mahali pa maneno mengi, kwamba siri zitavuja, na kwamba magaidi hawangoji hoja ijadiliwe. Hoja ya dharura naikubali, na Madison aliikubali kabla yangu. Lakini dharura ina mwisho, nayo haiwezi kudumu miaka kumi. Tena sisemi kwamba wabunge wana hekima kuliko mawaziri. Zile kura 416 za Tonkin zinatosha kunikanya. Hata hapa kwetu, Novemba 2023 Bunge liliidhinisha polisi wapelekwe Haiti, na Januari 2024 Mahakama Kuu ikaamua kwamba "vikosi" vinavyotajwa katika Kifungu cha 240 ni vya ulinzi, wala si polisi. Wabunge walikuwa wamepiga kura bila kuisoma nomino vizuri. Jaji aliisoma.

Nchini Ujerumani, Mahakama ya Katiba iliamua Julai 1994 kwamba serikali haiwezi kuwapeleka askari wenye silaha nje bila idhini ya bunge, na ikiwa kuna hatari ya papo hapo, idhini hiyo itafutwe bila kuchelewa. Mwaka 2005 ikatungwa sheria inayoitaka serikali kutaja katika ombi lake eneo, kazi, idadi ya juu ya askari, muda na gharama. Muda ukiisha, serikali hurudi bungeni kuomba upya. Hakuna anayeulizwa kama ni vita, operesheni au kazi ya polisi.

Sheria ya namna hiyo inaweza kutungwa hapa bila kuigusa Katiba hata herufi moja. AMISOM iligeuzwa ATMIS mwaka 2022, na ATMIS ikageuzwa AUSSOM mwaka 2025. Kila jina lilipobadilika ulikuwa wakati mwafaka wa Waziri wa Ulinzi kusimama mbele ya Bunge na kusema: askari ni kadhaa, wako mahali fulani, watakaa hadi tarehe fulani, na waliokufa tangu mara ya mwisho nilipokuja hapa ni hawa.